Malkia wa Hadithi, kutoka Mithila hadi Gaka

(Mhadhara uliotolewa Suguti, Mara, mbele ya wazee, walimu na wanafunzi)

Wapo humu waliokesha ziwani na taa za dagaa, na wapo walioacha palizi shambani. Kuja kwenu ni deni juu yangu, nami nitajitahidi kulilipa kwa kusema jambo lenye uzito.

Nimeombwa nizungumze juu ya malkia na mabinti wa kifalme wa India wanaotajwa katika fasihi na hadithi za jadi. Mada nimeipokea kwa moyo wote, ila niliwaomba walionialika wanikubalie nitoke nayo India na kuifikisha hapa kwetu. Kusudi langu ni hili. Nataka kuonyesha kwamba malkia wa hadithi huishi pale anaposimuliwa na watu wengi wenye nia tofauti, wakambishania, wakamlilia, wakamtetea. India imefanya hivyo kwa malkia wake kwa zaidi ya miaka elfu mbili. Sisi wa Mara tunaye malkia wa daraja hilohilo, Nyakinywa wa Ikizu, na tumemwachia sauti chache mno zimsimulie. Jambo hilo linanisikitisha, na ndilo lililonileta.

Labda mtu atauliza: India na Suguti wapi na wapi? Jibu ni fupi. Reli ilipofika Kisumu mwaka 1901, wafanyabiashara wa Kihindi walienea kuzunguka ziwa hili, wakafungua maduka na baadaye viwanda vya kuchambulia pamba. Waliokuja na vitambaa na chumvi walikuja pia na Diwali yao, sikukuu ya taa ambayo wengi wao huiadhimisha kama siku Rama na mkewe Sita waliporejea Ayodhya kutoka uhamishoni. Wazee waliokuwa vijana enzi za majumba ya sinema wanaikumbuka Mother India, filamu ya mwaka 1957, namna Radha alivyompiga risasi mwanawe mwenyewe ili kulinda heshima ya kijiji. Ukumbi mzima ulilia, na wengi waliolia hawakujua neno la Kihindi. Leo wajukuu wao wanatazama tamthiliya za India zilizotiwa sauti za Kiswahili, na binti wa miaka kumi anaweza kukutajia majina mengi zaidi ya watu wa ikulu za Rajasthan kuliko ya watemi wa Ikizu. Simlaumu binti huyo. Ametajiwa majina hayo kila jioni. Haya mengine hakutajiwa.

Nitaeleza hoja nne. Hazilingani urefu, kwa sababu hazilingani uzito.

1. Malkia wa hadithi hutoka katika kile kinachowalisha watu

Tuanze na Sita. Katika Ramayana, utenzi mkubwa unaohusishwa na jina la Valmiki, Mfalme Janaka wa Mithila alikuwa akilima kwa plau, akamkuta mtoto wa kike ndani ya mfuo. Hakuzaliwa na mwanamke. Udongo ndio uliomtoa. Akamlea kama binti yake. Angalieni, wakulima wenzangu, mahali watunzi walipochagua kumweka. Wangeweza kumshusha kutoka mawinguni au kumtoa katika kifua cha dhahabu. Wakamweka katika mfuo wa plau, mahali ambapo familia yenye njaa hutupia macho kila msimu wa mvua.

Katika Mahabharata, utenzi mwingine mkubwa zaidi, Draupadi, binti wa Mfalme Drupada wa Panchala, anatoka katika moto wa kafara akiwa tayari msichana mkubwa. Humohumo yumo Ganga, ambaye ni mto wenyewe uliovaa umbo la mwanamke na kuolewa na mfalme. Udongo, moto, maji. Waliotunga hadithi hizi walijua kwamba mamlaka yanayodumu lazima yaoteshwe katika kitu ambacho hakuna anayeweza kuishi bila hicho.

Sasa njooni Ikizu, mwendo usio mrefu kutoka hapa, kwenye vilima vya Bunda na Butiama ambavyo mlima wake mkubwa ni Chamuriho. Wazee wa huko wanasimulia kwamba Nyakinywa alitoka Kanadi, upande wa Usukuma. Alikuja na elimu ya mvua. Alifika akapata pango mahali panapoitwa Gaka, penye maji, akafanya hapo makao yake. Katika vilima hivyohivyo alikuwapo mwanamume mwindaji, Isamongo, mwenye mishale na mwenye moto. Ikawa watu wawili, kila mmoja ana kitu ambacho mwenzake hana: huyu moto, yule maji.

Swali likazuka, nani awe mkubwa wa nchi. Wakashindana. Isamongo akaonyesha uwezo wake wa moto, Nyakinywa akaita mvua, na mvua ikashinda. Simulizi zinapishana katika namna ya kulieleza shindano hilo, na kila ukoo una mahali unapopakazia. Lakini mwisho wake ni mmoja: utemi wa Ikizu ukashikwa na mwanamke mwenye mvua, na watu wa Isamongo wakabaki na nafasi yao katika nchi kwa mapatano. Orodha ya watemi wa Ikizu, inayoshuka hadi kwa Mtemi Makongoro wa enzi za Waingereza, inaanza na majina ya wanawake kabla ya kufika kwa wanaume.

Ndugu zetu Wanata, mashariki zaidi kuelekea Serengeti, wana hadithi inayofanana na hiyo: Nyamunywa mwindaji na Nyasigonko mwanamke mkulima, wanaokutana na kufundishana kula, mmoja nyama na mwingine nafaka. Kwa Wanata hadithi hiyo inaeleza mwanzo wa watu. Kwa Waikizu imekwenda mbele, imekuwa hadithi ya mwanzo wa dola. Ndiyo maana namwita Nyakinywa malkia na sioni haya.

Mtu wa mjini anaweza kudhani kwamba utemi wa mvua ni jambo dogo, mambo ya uganga. Ninyi mnaoishi hapa mnajua vinginevyo. Mnajua mwaka ambao mvua za vuli zinachelewa na muhogo unabaki peke yake shambani. Mnajua bei ya mahindi inavyopanda kila gulio. Anayeaminiwa kuwa na ufunguo wa mvua anaaminiwa kuwa na ghala, ng'ombe na ndoa za nchi nzima, maana bila mavuno hakuna mahari. Hata huko Butiama, kwa Wazanaki, mtoto wa Mtemi Burito aliyezaliwa mwaka 1922 alipewa jina Kambarage, jina la mzimu wa mvua. Taifa zima limeitamka mvua ya Wazanaki kwa miaka mingi kila lilipomtaja Baba wa Taifa, Mwalimu Nyerere, kwa jina lake kamili.

2. Malkia wa hadithi huweka masharti, na hadithi huangalia nani anayavunja

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu naona hapa ndipo penye utamu na ndipo penye mafunzo ya siasa.

Nimemtaja Ganga. Mfalme Shantanu wa Hastinapura alimwona ukingoni mwa mto akampenda. Ganga akakubali kuolewa kwa sharti moja, mfalme asimhoji kamwe kwa lolote atakalolifanya. Wakapata watoto, na kila mtoto alipozaliwa mama alimpeleka mtoni akamtupa majini. Saba wakaenda hivyo, mfalme amenyamaza. Wa nane alipozaliwa, Shantanu hakuweza tena, akapaza sauti. Ganga akamweleza sababu zake, kwamba watoto wale walikuwa roho za mbinguni zilizolaaniwa kuzaliwa duniani naye alikuwa akizifungua, kisha akaondoka. Yule wa nane akaishi, akawa Bhishma, mzee mwenye busara kuliko wote katika utenzi huo.

Wazee mliotoka Rorya, au mlio na wakwe huko, bila shaka mmeshakumbuka jambo. Waluo wa pande zote mbili za mpaka wa Tanzania na Kenya wanayo hadithi ya Nyamgondho, mwana wa Ombare, mvuvi fukara wa Gwassi. Siku moja hakupata samaki. Alivuta kutoka ziwani mwanamke mzee. Akampeleka nyumbani, na kuanzia hapo boma likajaa ng'ombe, mbuzi na kondoo. Nyamgondho akawa tajiri, akaoa wake wengi, akazoea pombe. Usiku mmoja akarudi amelewa, akakasirika kwamba amecheleweshwa kufunguliwa, akamtukana yule mwanamke kwa asili yake, kwamba alimwokota majini. Mwanamke hakubishana. Akashika njia ya ziwani, na mifugo yote ikamfuata mpaka ikazama. Nyamgondho akabaki ufukoni akageuka mti.

Sidai kwamba hadithi moja ilizaa nyingine, wala sioni haja ya kudai hivyo. Nionacho ni kwamba watu wa Mto Ganga na watu wa ziwa hili walikabiliwa na swali moja, wakalijibu kwa sura inayokaribiana: mali na uzazi vimekuja na mwanamke, kwa mapatano, je, mwanamume aliyenufaika atayakumbuka mapatano hayo siku amelewa madaraka? Shantanu alivunja sharti kwa huruma, na hadithi ikamwachia mtoto mmoja. Nyamgondho alivunja kwa dharau, na hadithi haikumwachia hata mbuzi. Tofauti hiyo ni hukumu kamili ya kimaadili, na imetolewa bila hakimu.

Lakini kwa upande wa sheria, hakuna malkia wa hadithi anayemfikia Draupadi. Mkubwa wa waume zake, Yudhishthira, alikaa katika mchezo wa dadu na jamaa zake mahasimu. Akapoteza mali, akapoteza ufalme, akawaweka ndugu zake rehani akawapoteza, akajiweka mwenyewe akapotea. Mwisho akamweka mkewe, naye akapotea. Walipotuma mtu kumleta Draupadi barazani, hakulia kwanza. Aliuliza: mume wangu alipoteza nini kabla, nafsi yake au mimi? Kama alikwisha kujipoteza, akawa mtumwa, mtumwa anapata wapi haki ya kuniweka mimi rehani?

Waliokuwa barazani wakatazamana. Bhishma, yuleyule mtoto wa Ganga aliyeokolewa, mzee wa wazee, akasema sheria ni jambo lenye undani na hawezi kutoa jibu. Wakati wazee wanajiumauma, Draupadi alikuwa ameburutwa kwa nywele mbele yao na mmoja wa washindi alitaka kumvua nguo. Utenzi unasema nguo yake haikuisha. Kila ilipovutwa iliendelea kuongezeka. Hata hivyo mimi huishia kwenye swali lake zaidi kuliko kwenye muujiza. Wanazuoni wa India wameliandikia vitabu mpaka leo, na waandishi wanawake wa huko wamelirudia katika riwaya na tamthilia za kizazi chetu. Aliyeuliza hakuwa na upanga wala kura katika baraza lile.

Sasa turudi Gaka tukiwa na swali la Draupadi mkononi. Ile hadithi ya shindano la moto na mvua, tumezoea kuisikia kama hadithi ya ushindi: Nyakinywa alishinda, basi. Isikilizeni tena. Baada ya ushindi hakumfukuza Isamongo. Kulifanyika mapatano, na katika mapatano hayo mgeni akapewa utemi na mwenyeji akahakikishiwa nafasi yake. Hiyo ni katiba, ndugu zangu. Watu wa Ikizu walikuwa wanasema kwamba mtawala ana haki ya kutawala kwa sababu ana kitu cha kuwapa watu, na kwamba aliyeshindwa ana haki zake ambazo mshindi hawezi kuzigusa. Nawauliza walimu wa uraia mlio hapa: tunapofundisha kwamba utawala wa mapatano tuliuletewa na wakoloni, tunakuwa tumeisahau Gaka kwa sababu gani?

Niongeze neno moja la Ukerewe, maana ni majirani zetu na lugha zetu ni ndugu. Aniceti Kitereza aliandika mwaka 1945, kwa Kikerewe, riwaya ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka. Bugonoka si malkia. Ni mke wa mkulima, hana mtoto, na wakwe zake wanamtukana kwa hilo. Wazazi wake wakamchukua kumrudisha kwao, na Myombekere hakumpata tena mpaka alipolipa faini ya mitungi ya pombe ya ndizi, kwa jasho kubwa. Utaratibu wa Ganga na wa mwanamke wa Nyamgondho uko humo, umeshushwa kutoka kwa miungu ukawekwa nyumbani kwa watu wa kawaida: heshima ya mwanamke ina masharti, na anayeyavunja hulipa.

3. Swali la kama malkia aliishi kweli lina nafasi yake, ila si la kwanza

Hoja hii nitaipitia kwa haraka, kwa kuwa naona watu wengi wanaiweka mbele kuliko inavyostahili.

Mwaka 1303 Sultani Alauddin Khalji wa Delhi aliiteka ngome ya Chittor, Rajasthan. Hilo ni historia. Miaka zaidi ya 200 baadaye, mwaka 1540, mshairi Muislamu wa Kisufi, Malik Muhammad Jayasi, alitunga Padmavat, ambamo sultani anaishambulia Chittor kwa tamaa ya uzuri wa Malkia Padmavati, na malkia anajitia motoni kuliko kuchukuliwa. Amir Khusrau, mshairi aliyefuatana na jeshi la sultani na kuandika habari za vita hiyo, hakumtaja malkia wa jina hilo. Wanahistoria wengi wanamwona kuwa zao la ushairi. Hata hivyo filamu juu yake ilipotengenezwa, watu waliandamana, wakachoma magari, wakatoa vitisho, na jina la filamu likabadilishwa kidogo kabla haijatoka mwaka 2018. Malkia ambaye huenda hakuzaliwa aliitikisa nchi ya watu zaidi ya bilioni moja.

Kwa upande wa pili wako walioishi bila shaka yoyote. Razia alitawala Delhi kuanzia 1236 hadi 1240. Lakshmibai, Rani wa Jhansi, alikufa vitani mwaka 1858 akipigana na Waingereza. Lakini hata hao, wanaosimuliwa vijijini ni wakubwa kuliko walioandikwa kwenye nyaraka. Lakshmibai anaonekana daima juu ya farasi, mtoto amefungwa mgongoni, upanga mkononi; na sura hiyo imefundisha ujasiri watoto ambao hawajawahi kufungua kitabu cha historia.

Pwani yetu ina mifano ya namna zote mbili. Mombasa inamkumbuka Mwana Mkisi, malkia wa kale wa Kongowea, aliyetangulia Shehe Mvita. Huyo ni wa simulizi. Unguja inamkumbuka Malkia Fatuma, aliyewasaidia Wareno waliozingirwa katika Ngome ya Yesu kabla haijaanguka mwaka 1698, na Waomani wakamwadhibu kwa kumpeleka uhamishoni. Huyo ni wa historia. Wote wawili wanafaa kusimuliwa. Nikiulizwa kama Nyakinywa alikuwa mtu mmoja mwenye mwili na jina hilo, najibu kwamba watemi walitawazwa kwa jina lake, watu walipeleka tambiko Gaka kwa sababu yake, na mipaka ya nchi ilielezwa kwa safari yake. Mtu mwenye athari ya namna hiyo ana haki ya kuchunguzwa kwa umakini uleule anaopewa mfalme mwenye mnara wa kaburi.

4. Anayesimulia ndiye anayeamua malkia atabaki na ukubwa gani

Hapa ndipo moyo wangu ulipo.

Ramayana imesimuliwa na wanaume kwa karne nyingi, na katika simulizi nyingi jambo kubwa ni vita ya Rama. Sita anatekwa na Mfalme Ravana, anapelekwa Lanka, anakombolewa, anapitishwa motoni ili athibitishe usafi wake, kisha anafukuzwa akiwa mjamzito kwa sababu ya maneno ya watu. Analea mapacha wake, Lava na Kusha, msituni. Anapoitwa tena athibitishe, anaiita ardhi iliyomzaa; ardhi inapasuka na kumpokea. Simulizi ya kifalme hupita hapo kwa majonzi, ikaendelea na habari za mfalme.

Katika karne ya 16 huko Bengal, mwanamke mshairi aitwaye Chandravati aliisimulia Ramayana upya, akaanzia kwenye kuzaliwa kwa Sita na kufuata uchungu wa Sita. Vita ikawa jambo la pembeni. Wasomi wa baadaye waliidharau kazi yake, wakasema ni dhaifu na haijakamilika. Wanawake wa vijijini hawakusubiri hukumu ya wasomi; waliendelea kuiimba. Vilevile katika sehemu nyingine za India ziko nyimbo za wanawake zinazouliza maswali ambayo vitabu haviulizi: nani alimsaidia Sita wakati wa kujifungua? Dada zake waliobaki ikulu walisema nini? Hivyo Sita akawa na maisha mengi. Mwanaharakati anaye wake, mcha Mungu anaye wake, bibi wa kijijini anaye wake. Hawakubaliani, na kutokubaliana huko ndiko kumemhifadhi.

Nyakinywa amepata nini? Nawashukuru kwa dhati wazee wa Ikizu waliokaa na kalamu wakaandika. P. M. Mturi na S. Sasora waliandika historia ya Ikizu na Sizaki, nayo ikachapishwa mwaka 2003 pamoja na historia nyingine za Mara ya Kusini katika kitabu kilichohaririwa na Jan Bender Shetler, mwanahistoria wa Marekani aliyefanya utafiti huku miaka ya 1990. Bila kazi hiyo nisingekuwa na mengi ya kuwaambia leo. Lakini Shetler mwenyewe, katika kitabu cha baadaye cha mwaka 2019, alilieleza jambo linalotuhusu moja kwa moja: kila alipouliza historia alielekezwa kwa wazee wanaume, nao walimpa habari za koo, mipaka na watemi. Wanawake walikuwa na kumbukumbu ya aina nyingine, ya ndoa na urafiki na ukwe uliovuka makabila, ya nani alimhifadhi nani wakati wa njaa. Kumbukumbu hiyo haikuitwa historia, kwa hiyo haikuulizwa.

Fikirieni maana yake kwa malkia wetu. Mwanamke aliyetoka Kanadi akaingia Ikizu ni mtu aliyevuka mpaka wa kabila. Katika simulizi ya koo, safari hiyo ni ya kuthibitisha nani ana haki ya utemi. Katika mdomo wa bibi aliyeolewa mbali na kwao, huenda safari hiyohiyo ni habari ya mgeni anayejifunza kuishi ugenini: anapata wapi mbegu, anaamini nani, anapeleka vipi habari nyumbani. Akina mama mlioolewa Suguti kutoka Ukerewe, Ikizu, Rorya au Usukuma, ninyi mnayajua mambo hayo kwa miili yenu. Hakuna profesa anayeweza kuyasema badala yenu.

Kuna pingamizi ambalo nalisikia mara kwa mara, na walionalo ni watu ninaowaheshimu. Wanasema habari za Nyakinywa ni za mizimu, na sisi sasa ni Wakristo na Waislamu. Najibu kwa kuwakumbusha Jayasi. Alikuwa Muislamu mcha Mungu, akamtungia malkia wa Kihindu utenzi mzima, akatumia hadithi hiyo kueleza safari ya roho kumtafuta Mola. Nawakumbusha pia Kitereza, Mkatoliki aliyesoma seminari, aliyeandika kwa upendo mila za Wakerewe wa kabla ya dini yake. Hakuna aliyewaomba waabudu. Waliombwa wakumbuke, wakakumbuka vizuri.

Mheshimiwa Mwenyekiti, niseme sasa kinachoweza kuanza.

Shule zetu za sekondari zina vilabu vya Kiswahili na vya historia. Wanafunzi wanaweza kwenda na simu, zinazorekodi sauti vizuri tu, wakawasikiliza bibi zao: Ikizu, Majita, Ukwaya, Ururi. Sharti langu ni kwamba bibi asimulie kwa lugha yake, Kiikizu, Kijita, Kikwaya au Kiruri, na tafsiri ya Kiswahili ifuate baadaye. Simulizi ikilazimishwa kuja kwa Kiswahili tangu mwanzo, nusu ya viungo vyake hubaki jikoni. Zikipatikana simulizi tano za Nyakinywa zinazopingana, ziandikwe zote tano, ubavu kwa ubavu, bila mwalimu kuchagua iliyo sahihi. Majina ya wasimulizi yahifadhiwe kwa ridhaa yao. Nakala ziwekwe shuleni na katika maktaba, mahali mtoto anaweza kufika kwa miguu.

Kisha waje watunzi. Mwalimu Nyerere, mtoto wa Butiama, alitafsiri tamthilia mbili za Shakespeare kwa Kiswahili na kuonyesha kwamba lugha hii inabeba wafalme wa popote. Nangojea tamthilia ya shindano la Gaka, iandikwe na kijana wa Bunda. Nangojea utenzi wa mwanamke wa Nyamgondho utungwe upande wake, tusikie aliwaza nini njiani akielekea ziwani na ng'ombe nyuma yake. Na watengeneza filamu wa Musoma, ambao wana vilima na ziwa bila kulipia, wasione aibu kuanza na kamera moja.

Mimi mwenyewe nimekwisha kuzungumza na baadhi ya walimu walio hapa, na tumekubaliana tukutane mara mitihani ya muhula itakapokwisha, tupange vijiji vya kuanzia. Anayetaka kujiunga amwone mwalimu wa Kiswahili wa shule iliyo karibu naye.

Nimemaliza upande wangu. Mwenyekiti atafungua maswali sasa, nami naomba kwa heshima kwamba matatu ya mwanzo yatoke kwa akina mama.